Mgonjwa Mbele ya Hakimu



Imekuwa ikisikika miongoni mwetu rai kwamba nchi yetu ianzishe mahakama maalumu za watumiaji wa dawa za kulevya, kwa mfano wa Marekani, ili vijana wetu wapelekwe kwenye tiba badala ya gerezani. Rai hiyo ina huruma ndani yake, nasi hatuipingi. Twaomba tu kwamba kabla ya kuazima chombo cha wenzetu, tutazame kilitengenezwa kwa kazi gani.

Mahakama ya kwanza ya namna hiyo ilianza Miami mwaka 1989. Zilikuwa nyakati za sheria kali. Kwa sheria ya shirikisho ya mwaka 1986, muuzaji wa gramu 5 za kokeini ya kupikwa, iitwayo kraki, alifungwa si chini ya miaka 5. Muuzaji wa kokeini ya unga alipaswa kukutwa na gramu 500 ndipo apewe kifungo hicho. Dawa ni ile ile, imechemshwa tu kwa maji na magadi! Waliofungwa kwa kraki walikuwa kwa wingi mno watu weusi. Kiasi hicho kilipandishwa hadi gramu 28 mwaka 2010, na waliohukumiwa zamani walingoja hadi mwaka 2018 ndipo waruhusiwe kuomba adhabu zao zipitiwe upya kwa kiasi hicho kipya.

Mahakama za tiba hazikuziondoa sheria kali. Ziliwekwa mlangoni pake. Mshtakiwa hupelekwa kwenye tiba, hupimwa mkojo mara kwa mara, na hurudi kwa hakimu kueleza maendeleo yake. Akimaliza, shitaka hufutwa au adhabu hupunguzwa. Tafiti nyingi zimeonyesha kwamba wanaomaliza hurudia makosa kwa uchache zaidi, na jambo hilo si dogo. Lakini mara nyingi mtu hutakiwa kwanza akiri kosa, na akishindwa njiani, hukumu yamngoja. Akiteleza hata mara moja aweza kulazwa rumande siku kadhaa, kana kwamba homa ikirudi mgonjwa huchapwa viboko.

Baya zaidi, baadhi ya mahakimu waliwakataza washtakiwa kutumia methadoni, dawa inayotuliza kiu ya heroini. Mtu wa sheria alimpokonya daktari kalamu. Ilibidi mwaka 2015 Serikali ya shirikisho itangaze kwamba mahakama zenye kuwanyima watu dawa hizo hazitapata ruzuku yake.

Hapa kwetu Tanzania methadoni ilianza kutolewa Hospitali ya Taifa Muhimbili mwaka 2011, na baadaye Mwananyamala na Temeke. Mgonjwa huinywa kila siku mbele ya mhudumu. Basi fikirini: kijana aliyeacha unga anakamatwa jioni katika msako, analala mahabusu siku tatu, na hakuna anayempelekea dozi yake. Arosto inamrudia humo humo. Akitoka, wa kwanza kumtafuta ni muuza kete.

Sheria yetu ya mwaka 2015 ni kali kwa wafanyabiashara wa dawa hizo, nasi hatumtetei anayetajirika kwa kuwaangamiza watoto wa wenzake. Ila wengi wanaokamatwa na kete mbili tatu huuza ili nao wapate ya kuvuta. Ni vigumu kumtenga muuzaji na mgonjwa ndani ya mtu mmoja. Kwa hiyo, mahakama hizo zikija, twadai daktari ndiye aamue dawa, tiba isinunuliwe kwa kukiri kosa, na kuteleza kusihesabiwe kosa jipya.

Wakati huo haujafika. Viongozi wa jumuiya, anapokamatwa kijana aliye katika tiba, nendeni kituoni siku hiyo hiyo pamoja na wazazi wake, mkiwa na kadi yake ya kliniki, na kwa heshima mmwombe mkuu wa kituo apelekwe kunywa dawa. Asiporuhusiwa, ijulisheni kliniki kabla ya siku kwisha.