TUJIFUNZE KIINGEREZA: SAA, USIKU NA SIKU

Wengi wa vijana wetu wakisha kujua tarakimu za Kiingereza hudhani wamekwisha jua na kutaja wakati. Sivyo. Kila watu wana mahali waanziapo kuhesabu, na asiyepajua mahali hapo hukosea hata kama maneno yake yote ni sahihi. Tena kosa la wakati halina huruma. Aliyekosea neno jingine huchekwa tu, bali aliyekosea saa hukuta mlango wa mtihani umefungwa.

Kwanza, saa. Sisi huanza kuhesabu jua linapochomoza na linapokuchwa. Mwingereza huanza saa sita za usiku na saa sita za mchana. Kwa hiyo saa moja ya asubuhi kwake ni “seven o’clock”. Kanuni yake ni nyepesi: tangu saa moja hata saa sita, ongeza sita, tangu saa saba hata saa kumi na mbili, ondoa sita. Saa tatu kasorobo ni “a quarter to nine”, na saa kumi na nusu ni “half past four”. Mwenye kufasiri saa mbili kuwa “two o’clock” amefasiri tarakimu, hakufasiri wakati.

Wala asidhani mtu kwamba hesabu yetu ni ya kishamba. Warumi wa kale nao walihesabu saa za mchana tangu kuchomoza jua. Neno la Kiingereza “noon”, ambalo leo maana yake ni saa sita za mchana, limetokana na neno la Kilatini “nona”, yaani ya tisa. Ilikuwa saa ya tisa tangu kucha, sawasawa na saa tisa yetu. Katika Zama za Kati jina hilo lilisogea nyuma mpaka adhuhuri, likakaa hapo.

Pili, “a.m.” na “p.m.”. Hivi ni vifupisho vya maneno ya Kilatini yenye maana ya kabla ya adhuhuri na baada ya adhuhuri. Basi “a.m.” si asubuhi peke yake: “2 a.m.” ni saa nane za usiku. Wala usiseme “8 a.m. in the morning”, maana umesema jambo moja mara mbili. Na kwa kuwa “12 a.m.” na “12 p.m.” huwatatiza hata Waingereza wenyewe, heri uandike “12 noon” kwa mchana na “12 midnight” kwa usiku.

Tatu, usiku. Hapa yafaa Mwislamu awe mwangalifu zaidi. Katika hesabu yetu siku huanza jua linapokuchwa, na usiku hutangulia mchana wake. Ndiyo maana tarawehe husaliwa usiku unaotangulia siku ya kwanza ya saumu. Usiku wa Ijumaa, basi, ni ule unaofuata mchana wa Alhamisi. Kwa Mwingereza siku hubadilika saa sita za usiku, na “Friday night” ni usiku unaokuja baada ya sala ya Ijumaa kwisha. Ukimwalika mgeni kwenye karamu ya usiku wa Ijumaa ukamwandikia “Friday night”, atafika siku ya pili na kukuta majamvi yamekunjwa. Mwandikie “Thursday night”. Vivyo hivyo, tikiti ya ndege iliyoandikwa Ijumaa, “12.30 a.m.”, yamtaka msafiri awe kiwanjani usiku wa kuamkia Ijumaa. Akingoja mpaka Ijumaa jioni, ndege imekwisha kwenda zamani.

Nne, neno “mpaka”. Neno letu hili moja hufanya kazi ya maneno mawili ya Kiingereza. “Until” ni kwa jambo liendelealo bila kukoma hata ufike wakati uliotajwa: “The office is open until four o’clock.” “By” ni kwa jambo linalotakiwa liwe limekwisha kabla ya wakati huo kupita: “Send your form by Friday.” Aliyeambiwa “by Friday” akaipeleka fomu yake Jumamosi, amechelewa, hana udhuru.

Tano, “since” na “for”. “Since” hufuatwa na wakati jambo lilipoanza: “I have lived here since 2015.” “For” hufuatwa na urefu wa muda: “I have lived here for three years.” Kusema “since three years” ni kosa, ijapokuwa kwa lugha yetu mtu husema “tangu miaka mitatu” na akaeleweka.

Wazazi na wawajaribu watoto nyumbani kwa maswali haya matatu. Saa kumi na moja za alfajiri husemwaje kwa Kiingereza? Saa saba na robo za mchana je? Na usiku wa Jumatatu, saa tatu?

Majibu ni haya: “five o’clock in the morning”, “a quarter past one in the afternoon”, na la mwisho, ambalo wengi hulikosa, “nine o’clock on Sunday night”.