Usiku wa Ijumaa si "Friday night"

Wako watu katika jiji la Nairobi wadhanio kwamba kutaja wakati kwa Kiingereza ni kazi ya kujumlisha sita au kutoa sita, basi. Saa mbili za asubuhi ni "eight o'clock", saa nane za mchana ni "two o'clock", na mtu akishaijua hesabu hiyo hujiona amehitimu. La, hasha! Hesabu ya sita ni mlango tu. Matata yamo ndani ya nyumba.

Na hapo mlangoni penyewe wengi hujikwaa. Katika maofisi ya katikati ya jiji, na katika majumba ya Kilimani, Lavington na Westlands, kazi hupangwa kwa Kiingereza na habari zake hupelekwa kwa Kiswahili. Tajiri akisema mtu aje "at eight", naye mpelekaji habari akamwambia mwenziwe wa Kawangware, "Njoo saa nane," kosa limekwisha tendeka. Maskini huyo atafika mchana, akute nafasi imeshikwa na mwingine, kisha aitwe mvivu juu yake. Kumbe alifika saa ile ile aliyoambiwa.

Wako tena waliojifunza kugeuza, wakageuza kila kitu. Dawa aliyoagiza daktari inywewe "every eight hours" hunywewa kila baada ya saa nane, wala sita haihusiki hapo. Sisi tuna neno moja, saa, kwa majira na kwa muda. Kiingereza kinayo mawili: "eight o'clock" ni majira, "eight hours" ni muda. Majira hugeuzwa, muda haugeuzwi. Aliyengoja saa mbili aseme "for two hours". Aliyengoja mpaka saa mbili za asubuhi aseme "until eight o'clock".

Sasa tuingie ndani. Siku ya Mwingereza huanza saa sita za usiku. Ndiyo sababu saa kumi za usiku, tukiwa twala daku, yeye huiita "four in the morning". Kwetu sisi asubuhi haiji kabla ya alfajiri. Msafiri wa Mombasa aliyeandikiwa katika tiketi yake "Saturday, 12.30 a.m." yampasa awe kituoni Ijumaa baada ya isha, kwani basi hilo laondoka usiku wa kuamkia Jumamosi. Akingoja Jumamosi iche, ishinde, na jua lichwe, atafika na mizigo yake aambiwe basi limekwenda tangu jana. Ni bora tiketi zikaandikwa saa sita na nusu usiku wa kuamkia Jumamosi, na mwenye kuandika Kiingereza aseme "noon" au "midnight" badala ya 12 p.m. na 12 a.m., ambazo hata wenyewe huwababaisha.

Lakini lililo kubwa zaidi ni hili. Siku yetu Waislamu huanza magharibi, jua likichwa. Usiku hutangulia, mchana hufuata. Usiku wa Ijumaa, basi, ni ule unaoingia Alhamisi jua linapotua, na kwa Kiingereza sahihi ni "Thursday night". Usiku wa baada ya sala ya Ijumaa sisi husema Ijumaa usiku. Maneno ni yale yale mawili, mpango wake ndio uletao tofauti. Mwenye kualika watu katika maulidi ya usiku wa Ijumaa, akaandika katika kadi "Friday night", wageni wake watakuja ubani umekwisha zimika.

Maulidi yaweza kusomwa tena. Je, Ramadhani? Usiku wa ishirini na saba, ambao wengi wetu hutaraji ndani yake Lailatul Kadri, ni ule unaoingia tukisha kufuturu saumu ya ishirini na sita. Kijana wetu wa Lavington, aliyelelewa kwa Kiingereza, akisoma "27th night" atahesabu saumu ishirini na saba kwanza, ndipo aende Msikiti wa Jamia. Atakuta watu wako katika usiku wa ishirini na nane. Huyo hakukosa basi la Mombasa. Amekosa usiku alioutaraji mwaka mzima.

Wako wasemao dawa ya yote haya ni kuiacha saa yetu, tuhesabu kama simu zihesabuvyo. Mimi sikubaliani nao. Nairobi iko karibu mno na ikweta, na jua lake huchomoza karibu na saa kumi na mbili mwaka mzima. Mwenye kuhesabu tangu kuchomoza kwa jua hakukosa akili. Wahabeshi nao huhesabu hivyo hivyo. Saa yetu ni sahihi katika Kiswahili, na ya Mwingereza ni sahihi katika Kiingereza. Kosa ni kuzichanganya katika sentensi moja.

Basi wazee na walimu, mtoto akiuliza Kiingereza cha saa au cha usiku fulani, tusikimbilie neno. Tumuulize kwanza: jua liko wapi wakati huo, na siku gani imeshaingia? Akishajibu hayo, Kiingereza chake hakitampoteza.