Macho ya Lozi: Nani Ameyaona?

Leo sina hadithi ya mapenzi wala shairi la kuisifu shule. Nina neno moja tu linaloniwasha ulimi, na neno lenyewe si la Kiswahili, ni la Kiingereza. Neno hilo ni "almondy".

Usikimbilie kamusi, nitakueleza. Kuna kokwa ambayo Waingereza huiita "almond" na sisi huiita lozi, jina tulilolipata kwa Waarabu wanaosema "lawz". Mwingereza akitaka kusema kwamba kitu kina sifa ya lozi, hubandika herufi moja tu, y, mwishoni mwa neno, na kazi imekwisha. Keki ni "almondy". Sabuni ni "almondy". Mafuta ya nywele nayo ni "almondy".

Muhula uliopita chama chetu kilikuwa na mdahalo. Hoja ilikuwa ati Kiswahili ni lugha maskini. Kaka mmoja wa kidato cha nne alisimama kuiunga mkono, akalichomoa neno hilo kama upanga. "Nipeni neno la Kiswahili lenye maana hii," akasema, "si sentensi, neno moja!" Ukumbi ukanyamaza. Mimi nilikuwa msemaji wa upande wa upinzani, na mimi pia nikanyamaza kama niliyemwagiwa maji. Tukashindwa. Jibu lilinijia jioni nikiwa njiani kwenda nyumbani, lakini majuto ni mjukuu. Ndiyo maana nimeomba ukurasa huu.

Kabla sijamjibu kaka yetu, nikiri kosa langu mwenyewe. Hiyo haikuwa mara ya kwanza kwangu kuangushwa na lozi. Nikiwa kidato cha pili niliandika insha juu ya msichana mrembo, nikasema, "Alikuwa na macho ya lozi." Nilijiona bingwa! Daftari liliporudi, mwalimu alikuwa ameyapigia mstari mwekundu maneno hayo na kuandika pembeni: "Umewahi kuiona lozi?" Sikuwa nimewahi. Macho yale niliyatoa katika riwaya ya Kiingereza, nikambandika msichana wa watu.

Basi baada ya mdahalo niliamua kuimaliza kesi hii. Nilienda shule kwa miguu siku nne, nikaweka nauli, nikaingia duka kubwa la mjini na kununua pakiti ndogo kabisa ya lozi. Juu yake paliandikwa California. Kumbe karibu asilimia 80 ya lozi za dunia nzima hutoka katika jimbo hilo moja la Marekani! Nikazimwaga mkononi. Lozi ni ya rangi ya kahawia, bapa kidogo, pana upande mmoja na imechongoka upande wa pili. Hapo nikayaelewa yale macho. Kisha nikaitafuna. Ina mafuta, ina utamu wa mbali, yaani haina makeke. Lakini ile harufu kali ya keki, ile inayotoka katika chupa ndogo ya arki iliyoandikwa kuwa ni ya lozi, haikuwamo kabisa! Nilinusa mpaka pua ikachoka. Nikadhani nimeuziwa lozi bandia.

Mwalimu wetu wa Kemia ndiye aliyenitoa gizani. Alinieleza kwamba lozi ni za aina mbili, tamu na chungu. Tamu ndizo tunazokula. Lozi chungu ina kemikali iitwayo amigdalini kwa wingi. Ikisagwa na kupata maji, amigdalini huvunjika na kutoa, pamoja na sukari, vitu viwili: benzaldihaidi, ambayo ndiyo yenye ile harufu ya keki, na sianidi ya haidrojeni, ambayo ni sumu kali. Wenye kutengeneza arki huitumia benzaldihaidi, si ile sumu. Katika lozi tamu amigdalini ni kidogo mno, ndiyo maana pua yangu iliambulia patupu.

Sasa tazameni, wenzangu. "Almondy" ya keki ni harufu ya lozi ambayo watu hawaili. "Almondy" ya pakiti yangu ni ladha ya lozi ambayo hainuki hivyo. Akitokea mtu akalitumia neno hilo kwa rangi au kwa umbo, sifa zinakuwa nne ndani ya neno moja. Msikilizaji aamue mwenyewe ni ipi.

Kiswahili hakikuruhusu uzembe huo. Kinakushika shati na kukuuliza: sifa gani? Utasema ladha ya lozi, harufu ya lozi chungu, umbo la lozi, rangi ya lozi, keki yenye lozi, au laini kama lozi iliyomenywa. Hivyo vya a-unganifu na -enye ni vivumishi halali, tumevisoma darasani na kutahiniwa. Kaka yetu alitaka neno moja, lakini ni nani aliyesema kwamba utajiri wa lugha ni kuwa na neno moja kwa kila kitu? Mimi nadhani utajiri wa lugha ni kuweza kusema unachotaka kusema na mwenzako akakielewa.

Na hata hilo neno moja, tukilihitaji, tunaweza kuliunda. Angalia rangi zetu. Jani lilitupa kijani, jivu likatupa kijivu, kahawa ikatupa kahawia. Zambarau ni tunda na ni rangi. Chungwa vilevile. Manjano ni kile kiungo cha mchuzi. Waliotutangulia walikitazama kitu wanachoishi nacho, wakakigeuza sifa. Hawakuunda sifa kutokana na lozi kwa sababu mti wake haukuota mlangoni pao. Huo si umaskini, ni ukweli tu.

Hebu basi tujaribu sasa hivi. Tuchukue lozi tuiwekee ki-, tupate "kilozi", kama tunavyosema mambo ya kitoto au mavazi ya kifalme. "Mama amepika keki yenye ladha ya kilozi." Mnacheka? Mna haki. Manake mlozi ni mti wa lozi, lakini mlozi pia ni mchawi, kutokana na kitenzi kuloga. Nani atathubutu kuonja keki ya kilozi? Tena Kilozi ni lugha ya Walozi, watu wa magharibi mwa Zambia. Kwa hivyo keki hiyo ama imerogwa ama inazungumza lugha ya kigeni! Kuunda neno ni rahisi. Kuunda neno lisilozua balaa ndiyo kazi.

Nimegundua pia kwamba kila taifa hulinganisha na kile lilichonacho. Wagiriki wa kale waliita lozi "amygdale", na ndipo madaktari walipopata jina la kijisehemu cha ubongo chenye umbo la lozi. Waarabu wakaziita zile tezi mbili za kooni lozi mbili. Sisi tunasema mafindofindo, na mgonjwa anapona vilevile.

Tuna pia mti wetu. Hapo langoni mwa shule kuna mkungu, ule wenye majani mapana yanayogeuka mekundu kabla ya kuanguka. Waingereza huuita mlozi wa kitropiki au wa India, ingawa si wa ukoo mmoja na mlozi wenyewe. Mlozi ni ndugu wa mpichi. Ni nani kati yetu hajagonga kungu kwa jiwe wakati wa mapumziko akitafuta kile kiini kidogo cheupe? Kisha mtu aniambie nimsifu msichana kwa kokwa ya California!

Na kuhusu macho, Waswahili walikuwa na lao zamani: "macho malegevu kama ya mla kungu." Kungu inayotajwa hapa ni ile yenye kulevya, si hizi za langoni, la sivyo kidato cha kwanza chote kingekuwa kimelala. Lakini tazameni tofauti. Mwingereza ameangalia umbo la jicho. Mswahili ameangalia namna jicho linavyotazama. Nilipokuwa nikinakili lozi nisiyoijua, nilikuwa nimeuacha msemo huu kabatini. Wahenga walituonya tusiache mbachao kwa msala upitao.

Pengine utaniambia, "Ndugu, hayo ni mambo ya insha tu, alama mbili hazimuui mtu." Hapo ndipo ninapotaka unisikilize kwa makini. Darasani tulifundishwa kwamba ile sumu, sianidi ya haidrojeni, ina harufu kama ya lozi chungu. Tuko wanafunzi 48. Sote tuliandika. Hakuna hata mmoja aliyewahi kuinusa lozi chungu. Jaribio lilipokuja niliijaza harufu hiyo, nikapata alama yangu safi. Nilipewa alama kwa kukitaja kitu nisichokijua! Tena mwalimu aliniambia kwamba si kila pua ina uwezo wa kuisikia harufu hiyo. Wako watu ambao hewa hiyo ikiwapitia hawanusi lolote. Mtu kama huyo akilitegemea neno "almondy" limwokoe, Mungu amrehemu.

Na jambo lililonisikitisha zaidi ni kwamba sumu hiyo hiyo tunaijua kwa njia nyingine. Inatoka katika muhogo mchungu usiotayarishwa vizuri. Nyanya yangu huko Kilifi hajawahi kulisikia neno sianidi, na lozi ameikuta kwenye halua tu. Lakini muulize habari za muhogo mchungu. Atakwambia umenye, uloweke, uanike ukauke, uupike uive sawasawa, na maji uliyolowekea uyamwage, usimpe hata mbuzi. Uchungu kwake ni onyo, na hana haja ya kufananisha na kitu cha ng'ambo. Kitabu kingeongeza mstari mmoja tu, kwamba sumu hii ndiyo ile ya muhogo mchungu, wanafunzi 48 wangeelewa siku hiyo hiyo, na wangerudi nyumbani wakiwa na la kuwaambia wadogo zao jikoni. Badala yake tulirudi na harufu ya lozi vichwani, na puani hamna kitu.

Sisemi tuzikatae lugha za wenzetu. La hasha! Lozi lenyewe ni neno la kukopa, na Kiswahili hakijawahi kuona haya kukopa. Kitu kikifika, neno lake lifike nacho. Siku hizi maziwa ya lozi yanauzwa madukani, na jina lake limeeleweka bila mkutano wowote. Namkubalia pia kaka yetu kwamba katika sayansi bado tuna kazi kubwa ya kuunda istilahi, na kazi hiyo itatungoja sisi. Ninachokataa ni kuipima lugha yetu kwa mizani ya neno moja ambalo hata wenyewe wakilisema, hujui kama wanazungumzia pua, ulimi au jicho.

Kwa hivyo nina maombi matatu. Kwanza, wenzangu mnaoandika insha, kabla hujafananisha kitu jiulize lile swali la wino mwekundu: umewahi kukiona? Pili, walimu wetu wapendwa wa sayansi, mnapokutana na mfano wa mbali katika kitabu, tafadhalini tupeni na wa karibu. Haupunguzi elimu, unaitia mizizi. Tatu, chama chetu kiurudie ule mdahalo muhula ujao. Niko tayari kusimama tena upande ule ule.

Na kaka yetu wa kidato cha nne asiwe na kinyongo. Nimemwekea lozi tatu katika karatasi, ndizo zilizobaki. Siku ya mdahalo nitampa azionje mbele ya watu wote, kisha atueleze kwa Kiingereza chake kile kile: "almondy" ni ipi hapo, ladha, harufu, rangi au umbo? Akijibu kwa neno moja tukaelewa sote, nitakubali kushindwa mara ya pili. Akihitaji sentensi, basi karibu kwetu, kaka. Asiyejua maana haambiwi maana.

Kiswahili kitukuzwe!

Mwanachama, Kidato cha Tatu