Mjomba, hiyo riba ni yako!

Wiki hii usinitafute mjini. Niko zangu Kigombe, njia ya Tanga kwenda Pangani, napunga upepo wa bahari na kushambulia samaki wa kukaanga. Habari za mapenzi leo tuziweke pembeni kidogo, maana huku nimekutana na jambo lililoninyima usingizi.

Jambo lenyewe ni la mjomba wangu. Mzee wa watu aligongwa na gari akiwa kwenye baiskeli, tenga la samaki nyuma. Mguu ukavunjika, na mpaka leo haumpeleki baharini. Kesi ikaunguruma, mwisho hakimu akampa fidia ya shilingi milioni 12. Kijiji kizima kikampongeza. Hela yenyewe sasa! Njoo kesho, njoo keshokutwa, mwenye faili kasafiri. Miaka mitatu ikakatika hivyo hivyo.

Juzi akaitwa. Karani wa bima (kampuni siitaji, nisije nikaitwa na mimi) akamwekea karatasi mezani: chukua milioni 12 zako, tia saini kwamba hudai tena. Mjomba akaomba kwanza aje nayo nyumbani nimsomee, si unajua mimi ndiye "msomi" wa ukoo, fomu foo yangu ninayo.

"Mjomba, usisaini. Hapa riba haimo."

Akaruka kama kakanyaga taa majini. "Riba? Astaghafirullah! Mpwa wangu, unataka kunilisha haramu uzeeni?"

Hapo ndipo kazi ilipoanza. Nikamwambia, mjomba, hii hukumkopesha mtu. Ni wao waliokaa na hela yako. Sheria ya Mwenendo wa Madai, Amri ya 20, kanuni ya 21, inasema deni la hukumu linaongezeka asilimia 7 kwa mwaka, tangu siku hukumu iliposomwa mpaka lilipwe lote. Mkipatana kwa maandishi yaweza kupanda, ila isizidi 12. Kwa fidia ya maumivu hawaanzi kuhesabu siku ya ajali, kwa sababu kabla hakimu hajatamka hakuna aliyejua ni shilingi ngapi. Na bima haiwezi kuruka kimanga: Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, inaitaka imlipe aliyeumizwa kiasi cha hukumu pamoja na gharama za kesi na riba yake.

Tukachukua kalamu. Asilimia 7 ya milioni 12 ni shilingi 840,000 kwa mwaka. Mara tatu, 2,520,000. Yaani kila siku jua lilipozama nyuma ya mikonge, shilingi kama 2,300 za mjomba zilikuwa zinalala kwenye mfuko wa mtu mwingine. Sasa unaelewa kwa nini mwenye faili alikuwa anasafiri sana?

Mzee akanyamaza. Jioni akaenda kwa maalimu wake. Maalimu hakumpa jibu la mkato. Alimwambia wanazuoni wana maneno mengi hapo, na wapo wanaosema hela ya namna hiyo ikikufikia usiile, ielekeze kwenye shida za watu wote, hata kujenga vyoo. Mjomba akarudi anacheka: "Basi bima itatujengea choo pale wanapouzia samaki!"

Mimi hapo nikakaa kimya, dini ni yake. Ila nilimwambia moja: kusamehe ni kwako, mjomba. Ukitaka iache, ukitaka ijengee choo. Asikusamehee karani.

Karatasi imerudi bila saini. Wiki hii tunakwenda mahakamani kuomba kukazia hukumu, maana sheria inampa mshindi miaka 12 ya kuomba hivyo.

Nawe unayesoma, kama nyumbani kuna mzee ana hukumu kabatini, itoe. Angalia tarehe, angalia kama riba imetajwa, piga hesabu kabla ya kushika kalamu. Saini ni sekunde moja tu, majuto ni ya miaka.

Wiki ijayo tukijaliwa tunarudi kwenye mapenzi. Yule dada wa Chumbageni aliyeniandikia barua ya kurasa nane, jibu lako lipo, vuta subira!