Mcheshi Aliyelilia Huruma

Hapa Kibokoni, mtaje Raj Kapoor barazani na kahawa itapoa vikombeni. Wazee watakuhadithia Awaara, watakuhadithia Bobby. Mera Naam Joker wairuka.

Filamu hiyo ilimchukua miaka sita, hata akaweka nyumba yake rehani. Ilipotoka Desemba 1970, yenye zaidi ya saa nne na mapumziko mawili, wahakiki waliiponda na watazamaji wakaikimbia.

Sisi twasema haikuonewa. Mcheshi yule apenda mara tatu: mwalimu wake, mwanasarakasi wa Kirusi, kisha msichana mwenye tamaa ya sinema. Mara tatu aachwa, na kila mara atugeukia tumlilie. Machozi hayadaiwi kama deni la dukani.

Lakini kile kisa cha kwanza, cha mvulana na mwalimu wake, ni kazi ya fundi, na kingetosha peke yake. Siku hizi wengi waisifu filamu nzima. Sisi twasifu thuluthi yake tu.

Kapoor alielewa. Mwaka 1973 alileta Bobby: vijana wawili wapendanao, na wazazi wakali. Fedha zikarudi.