Cheti Kisimpite Mwenye Haki

Nchini India, cheti cha kabila kinaweza kuamua nani anaingia chuoni na nani anaajiriwa. Asilimia 7.5 ya nafasi za ajira katika serikali kuu zimetengewa makabila yaliyoorodheshwa chini ya ibara ya 342 ya Katiba, na vyuo vya umma navyo vina mgao wao. Wamo Wasiddi wa Karnataka, wenye asili ya Afrika, walioingizwa kwenye orodha mwaka 2003. Uhakiki wa vyeti ni wa lazima, maana wapo wanaoghushi ukoo ili wajipenyeze. Lakini ofisi inapokalia faili, anayeumia ni mkweli. Ndiyo maana naiunga mkono kwa dhati hukumu ya Mahakama ya Juu ya mwaka 1994: kamati ya kuhakiki vyeti ikamilishe uchunguzi ndani ya miezi miwili, na siku ya mwisho ya udahili ikikaribia kabla ya jibu kutoka, mwombaji apokewe kwa muda. Ofisi ikikaidi, ibara ya 226 inamruhusu kwenda Mahakama Kuu kuomba amri ya kuilazimisha itoe uamuzi. Hata hivyo, mtoto wa mkulima anayeishi pembezoni mwa msitu atamlipa nini wakili? Dawa ipo, ila iko mbali na mgonjwa. Majimbo yampe kila mwombaji tarehe ya kujibiwa kwa maandishi, yagharamie wakili wa asiyejiweza, na afisa anayechelewesha bila sababu alipe gharama za kesi kutoka mfukoni mwake.