RUFANI YA MAREHEMU NI YA NANI?



Mwaka juzi tulimzika mwenzetu aliyeshika mashine miaka mingi, kisha akafukuzwa. Alishitaki, akashindwa, akakata rufani katika Korti ya Rufani. Kabla haijasikizwa, akafa. Tulichanga pesa, tukakodi motokaa, tukaimba mpaka asubuhi. Hayo tunayajua sana. Lakini hakuna mmoja wetu, na mimi nikiwemo, aliyemwuliza mjane: Faili ya kesi iko wapi, mama?

Alikuja ofisini mwezi wa kumi na nne.

Kanuni za Korti hiyo zasema kwamba mwenye rufani akifa, rufani haifi siku ile. Yangoja miezi 12 tangu siku ya kifo, ili msimamizi wa mali ya marehemu aombe kuingizwa mahali pake. Ikipita bila ombi, rufani imekwisha, wala jaji hakuisoma, na hukumu ya kwanza yabaki palepale. Yaweza kufufuliwa, ikiwa mjane ataonyesha sababu ya kutosha iliyomzuia. Lakini kusema tu "sikujua" ni fimbo dhaifu.

Wengi hudhani lazima mirathi yote imalizike kwanza, na mashemeji wachoke kugombania shamba. Sivyo. Korti hutoa kibali kidogo cha kuendesha kesi tu. Mwanzo wake ni hati ya kifo na barua ya chifu. Wala msimngojee wakili: aliyemtuma akifa, utume wake umekwisha.

Uzembe nao huua rufani ya aliye hai. Notisi ya rufani ni siku 14 tangu hukumu, na kitabu cha rufani ni siku 60 tangu kuweka notisi. Siku za kungoja maandishi ya kesi yapigwe taipu hazihesabiwi, lakini ni kama uliyaomba kwa barua katika siku 30 na kumpelekea mpinzani nakala. Nakala hiyo husahauliwa sana! Ukichelewa, wahesabiwa kuwa umeiondoa notisi mwenyewe.

Sasa tazameni ni nani anayeumia. Tajiri akiwa kampuni, hafi kwa homa wala kwa uzee. Meneja akistaafu, mwingine akalia kiti kile kile, na kesi yaendelea. Mfanyakazi ni mtu mmoja. Kila mwaka kesi inaolala, ni yeye anayezeeka.

Kwa hiyo naomba kila katibu wa tawi aweke daftari: jina la mwanachama, namba ya rufani, wakili wake, siku ya mwisho, na jina la mtu wa nyumbani wa kuitwa. Na katika mchango wa maziko, fungu moja lilipie kibali kabla hatujafikiri habari ya motokaa. Matawi yaliyo na rufani zilizolala yaniletee namba zake kabla ya mkutano ujao, hata kama mwenyewe amekwisha kufa.